Gari nyeusi ndani ya mvua ya masika

Wewe uliyenunua kamera juzi na unaisubiri masika, nianze na kosa langu. Niliikuta Peugeot 504 nyeusi imeegeshwa Shangani, Mji Mkongwe wa Unguja, mvua inanyesha, nikaiachia kamera ijipangie kila kitu. Nilipofungua picha nyumbani, gari imekuwa rangi ya jivu. Kamera ikiona weusi mwingi hudhani pana kiza, ikazidisha mwanga. Upunguze mwanga mwenyewe, hatua moja hadi moja na nusu kwenye kipimo cha kamera chenye alama za + na -.

Rangi nyeusi ni kioo. Jua likiwaka, utajiona wewe, nguzo ya umeme na mbingu nyeupe. Umbo la gari hulioni. Mawingu yakitanda, mwanga unalainika, na mstari mmoja mweupe unatambaa juu ya boneti mpaka kwenye waipa. Magari ya zamani yana mabega ya mviringo na bampa za chuma kinachong'aa, mwanga una pa kushika. Nilirudi Shangani wiki ile ile, nikapiga magoti mbele ya bampa. Tone limening'inia chini ya chuma, na ndani yake taa ya duka la upande wa pili wa njia imepinduka juu chini. Katika picha hiyo gari haionekani hata robo, na sijapiga nyingine ninayoipenda kama hiyo.

Vichochoro vingi vya Mji Mkongwe havipitishi gari, kwa hiyo kaa Shangani, Mizingani au Malindi. Wahi kabla ya adhana ya magharibi. Huku kwetu kiza huingia upesi, na ile buluu ya mbingu pamoja na taa za maduka hukaa dakika chache tu. Taa iwe nyuma ya mvua, si mgongoni kwako, la sivyo mvua haitaonekana. Shata, yaani muda kamera inaofungua jicho lake, ikiwa 1/60 ya sekunde hutoa nyuzi za mvua. 1/500 hukaribia kuyasimamisha matone hewani. Lenzi ikihangaika kutafuta fokasi kwenye weusi, ilenge ukingo wa taa ya gari. Na ukitoka chumba chenye kiyoyozi, iache kamera ndani ya mkoba wake kwanza ipate joto, isije ikafanya ukungu.

Mwenye gari mara nyingi yuko barazani hapo hapo. Muombe. "Shikamoo mzee wangu, naomba niipige picha gari yako." Wa kwangu aliitikia marahaba, akaingia ndani, akatoka na kitambaa aifute kwanza. Nikamsihi aiache na matone yake.