Muulize Mwalimu: Nani Alimwacha Akae Miaka 14?

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Nanunua mahindi soko la Kibaigwa. Redioni nimesikia kuwa Rick Perry alikuwa gavana wa Texas, Marekani, kwa miaka 14. Hapa mkeka ukitoka, mkuu wa mkoa anafungasha. Yeye nani alimwacha? Na kweli alikuwa mkulima?
Msomaji, Kibaigwa

JIBU: Marahaba, mwanangu. Hata wanafunzi wangu wa uraia walidhani gavana wa kule ni mkuu wa mkoa kwa jina lingine. Sivyo. Wetu huteuliwa na Rais. Gavana wa Texas hupigiwa kura kila miaka 4, Rais hana mkeka wa kumtengua, na katiba ya jimbo haiweki ukomo wa vipindi.

Ukulima ni kweli. Perry alizaliwa 1950 na kukulia Paint Creek, kijijini Texas, kwa wazazi waliolima pamba. Akarusha ndege za mizigo jeshini, akarudi shambani. Mwaka 1984 alichaguliwa kuingia bunge la jimbo kupitia Democratic. 1989 akahamia Republican, na 1990 akashinda ukamishna wa kilimo, maana huo nao ni wa kura. Alikuwa naibu gavana Desemba 2000, George W. Bush alipojiuzulu ili akaapishwe Rais, ndipo akarithi kiti. Akashinda 2002, 2006 na 2010. Ule wa 2006 alipata asilimia 39 tu, wapinzani wake wakagawana zilizobaki.

Lakini kukaa kwenyewe ndiko kulikomjenga. Bunge la Texas hukutana siku 140 tu, kila baada ya miaka 2. Sisi Dodoma Bunge la bajeti tunalijua kwa nyumba za wageni: jirani yangu Area A hubandika karatasi ya “vyumba vimejaa” Aprili, akaibandua mwishoni mwa Juni. Kule wabunge wakishatawanyika, gavana akikataa muswada waliopitisha hakuna wa kuutengua uamuzi wake. Mwaka 2001 Perry alikataa zaidi ya 70.

Halafu kuna bodi, za vyuo vikuu, magereza, wanyamapori. Wajumbe wengi wana miaka 6, na huingia kwa zamu. Gavana wa miaka 4 huondoka akiwaacha watu wa mtangulizi wake vitini. Wa miaka 14 ameshajaza kila kiti, na vingine mara mbili. Ndiyo maana katiba ya jimbo, iliyoandikwa ili gavana asiwe na nguvu nyingi, haikumbana yeye.

Msimamo wake ulikuwa wa kihafidhina: kodi ndogo, serikali ndogo. Alikataa kupanua Medicaid, bima ya afya ya wenye kipato kidogo. Hapo simuungi mkono hata kidogo. Mwaka juzi mke wangu alilazwa siku 11. Bila kadi ya bima tungeuza ng'ombe wote wawili.

Hakushindwa kwenye sanduku la kura. Mwaka 2013 alitangaza hatagombea tena, na Januari 2015 akamkabidhi kiti Greg Abbott, wa chama hichohicho, ambaye naye alichaguliwa tena 2018 na 2022.