Usiutupie ukame lawama zote

Ndugu, umeuliza kama insha yako iseme ukame ndio ulioharibu nyanda za nyasi za Marekani miaka ya 1930. Nakushauri usianzie hapo. Anzia chini ya ardhi. Nyasi za asili kule zilikuwa na mizizi mirefu, mingine ikipita mita 2, na ndiyo iliyoushika udongo kila ukame ulipokuja. Maana ukame haukuwa mgeni.

Kisha eleza plau ya feleji ya mhunzi John Deere ya 1837, iliyoweza kuipasua ardhi hiyo yenye mizizi, na sheria ya 1862 iliyompa mlowezi ekari 160. Tafadhali usiwaruke wenyeji walionyang'anywa ardhi hiyo. Wengi huwaruka, na inaniuma.

Sehemu ya kukazia ni ngano. Vita Kuu ya Kwanza ilipandisha bei, trekta zikapasua hadi nyanda kavu za Kansas na Oklahoma. Bei ikaanguka, mashamba yakaachwa wazi, mvua ikakata. Tarehe 14 Aprili 1935 vumbi liligeuza mchana kuwa usiku. Mwezi huohuo Bunge likapitisha sheria ya kuhifadhi udongo, na wakulima wakahimizwa kulima kwa kontua, yaani matuta yakingame mteremko badala ya kushuka nao.