Ukitaka Kukata Rufaa Dhidi ya Chama cha Ushirika, Anza na Karatasi Zako

Malipo ya kahawa yakitoka, simu yangu haipumziki. Wakulima wanauliza: "Tumeshindwa na chama kwenye Tribunali, twende Mahakama Kuu?" Wananiuliza mimi kwa kuwa nilikuwa miongoni mwa wanachama walioshtaki chama chetu cha kahawa huku Mlima Kenya, kwa kutukata pesa za mkopo ambao mkutano mkuu haukuupitisha. Kwenye Tribunali ya Vyama vya Ushirika, chombo kinachoamua mizozo ya vyama hivi, tulishindwa. Kwenye rufaa tukapata sehemu kubwa ya tulichodai. Mimi si wakili, ila kesi hiyo niliifuata hatua kwa hatua, na yako mambo ambayo natamani kila mkulima ayajue kabla hajatoa hata shilingi.

Huwa najibu kwa swali: Tribunali mliipa nini? Rufaa si kesi mpya. Jaji haiti mashahidi waanze tena. Anasoma rekodi, anaupima upya ushahidi uleule na kufikia uamuzi wake. Risiti uliyoiacha nyumbani, kwake haipo. Ushahidi mpya hupokewa kwa nadra sana, tena ukieleza kwa nini hukuutoa mapema.

Kilichotuokoa sisi ni ukurasa mmoja wa kumbukumbu za mkutano mkuu. Mama mmoja wa kijiji chetu ana desturi ya kudai nakala ya kila kitu, na nakala hiyo tuliiwasilisha tangu mwanzo. Ajenda ya mkopo ilikuwepo. Maelezo ya mwenyekiti yalikuwepo. Lakini chini yake hapakuwa na jina la aliyependekeza wala la aliyeunga mkono. Kumbukumbu ziliruka moja kwa moja hadi uteuzi wa mkaguzi wa hesabu. Tribunali ilichukulia kwamba kilichojadiliwa kimepitishwa. Jaji aliusoma ukurasa huohuo pamoja na sheria ndogo za chama, zinazotaka azimio la wanachama, akaona azimio halikuwepo. Hatukuongeza hata karatasi moja.

Kwa hiyo dai kumbukumbu, sheria ndogo na taarifa za hesabu mkiwa bado mnaelewana na kamati. Risiti za mizani nazo, zile za kaboni, hufifia upesi. Zipige picha jioni ileile umepeleka cheri kiwandani.

Halafu kuna siku 30. Kesi yetu iliendeshwa chini ya Sheria ya Vyama vya Ushirika ya 1997, na kifungu cha 81 kinahesabu siku hizo tangu amri ya Tribunali itolewe. Hazisubiri nakala iliyochapwa ifike mkononi mwako. Peleka hati ya rufaa ikieleza kwa ufupi, hoja moja moja, Tribunali ilikosea wapi, na siku hiyohiyo omba kwa barua mwenendo wa kesi uliochapwa. Baki na nakala ya barua iliyogongwa muhuri. Mahakama Kuu yaweza kuongeza muda kukiwa na sababu ya kutosha, lakini nisingemshauri mtu yeyote alitegemee hilo.

Wengi hushtuka kuambiwa kwamba rufaa peke yake haizuii amri kutekelezwa. Chama kinaweza kuanza kukudai gharama za kesi siku yoyote. Inabidi uombe utekelezaji usimamishwe, uonyeshe kwamba utapata hasara kubwa, kwamba hukuchelewa, na uwe tayari kuweka dhamana. Hapa ndipo vikundi vya wakulima huvunjika, maana dhamana ni pesa na shule zinadai karo. Andikianeni mapema nani atachanga kiasi gani. Anayesimama kwa niaba ya wenzake naye awe na idhini yao ya maandishi, iliyotiwa sahihi na kuwekwa kwenye faili.

Hakikisheni pia kwamba mlibisha mlango sahihi. Tribunali husikiliza mizozo ya shughuli za chama: kati ya wanachama, kati yao na chama au kamati, au chama kimoja na kingine. Karani aliyefutwa kazi ana Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi. Mgogoro wa shamba una Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Ikibainika mlianza pasipofaa, kesi yote yaweza kuanguka kwenye rufaa hata kama awali hakuna aliyelalamika. Na afisa wa chama aliyeamriwa na Kamishna wa Maendeleo ya Ushirika kurudisha fedha ana njia yake: anaanzia Tribunali ndani ya siku 30, na akifika Mahakama Kuu anazungumzia hoja za sheria tu.

Sheria hiyo ya 1997 inasema uamuzi wa Mahakama Kuu ndio wa mwisho. Ndiyo maana huwasihi watu wasiende kwa wakili wa bei rahisi wakidhani watarekebisha mambo Mahakama ya Rufaa. Kama uwezo wenu ni wa kumlipa wakili mara moja tu, mimi ningemlipa kwenye Tribunali, wakati ushahidi unaingia. Muulizeni ameshughulikia kesi ngapi za ushirika, na mtakeni asome sheria ndogo zenu kabla hajawatajia bei.