Maswali Yenu: Mzigo Ukishashuka Kilindini

Barua za mwezi huu nyingi zimekuja na kilio kimoja, bei za vitu, na ukizisoma vizuri unaona karibu zote zinarudi kwa lori, meli na reli. Nimechukua tatu.

Swali: Mimi nauza mchele na sukari Kongowea. Mchele wangu mwingi watoka Pakistan, washushwa hapa hapa bandarini Kilindini, sasa mbona bei yangu na ya mwenye duka Nairobi hazipishani sana? Na dizeli ikipanda wateja wanilaumu mimi.
*Mama wa duka, Kongowea*

Jibu: Mamangu, hili swali nalijua kwa uchungu kwa sababu mimi miaka yangu ya kwanza ya kazi nilikuwa naklia mizigo bandarini, yaani kuitoa forodhani. Watu wanadhani gharama ni umbali, kwamba kilomita zikiwa chache basi bei inashuka, lakini mara nyingi kinachokula pesa ni kusubiri. Mzigo wa hapa nchini una siku chache za bure bandarini, zikiisha storeji inaanza, yaani ada ya kukaa pale, na kontena nalo ni mali ya kampuni ya meli, nalo lina siku zake, ukilichelewesha kulirudisha tupu unalipa demareji. Kwa hivyo hesabu mbili, ya bandari na ya kampuni ya meli, zinatembea pamoja na wewe umekaa tu unasubiri karatasi. Niliwahi kushikwa na kontena moja la spea siku 11 kwa sababu uzito ulioandikwa kwenye karatasi ya meli haukulingana na ule wa forodha, kosa la mtu aliyechapa tarakimu moja vibaya huko ulikotoka mzigo, na tulipomaliza kulipa faida yote ilikuwa imeisha. Tajiri wangu alifanya nini? Akaongeza bei ya spea. Yule fundi wa Majengo aliyenunua hakuwahi kujua kwamba analipia tarakimu.

Sasa mchele wako. Ukitoka bandarini unaingia godauni, na mwenye godauni ana simu ya mteja wa Nairobi upande mmoja na wewe upande wa pili, hawezi kukuuzia rahisi sana ati kwa sababu wewe u jirani, mzigo unakwenda kwa anayelipa. Tofauti inayobaki ni nauli ya lori, na hiyo ukiigawanya kwa kilo za kontena zima inakuwa ndogo.

Dizeli ni kitu kingine, na hapo wateja wako wanakuonea. Bei ya mafuta inatangazwa kila tarehe 14 ya mwezi na EPRA, mamlaka ya serikali ya nishati, na Julai 2023 VAT ya mafuta ilipanda kutoka asilimia 8 hadi 16, hiyo ilisikika mpaka kwa muuza nyanya. Angalia soko lako mwenyewe hapo Kongowea, viazi na kabeji zateremka kutoka bara kwa lori, usiku kucha, na lori lile halina njia ya kwenda bila dizeli. Halafu kuna jambo la kurudi mtupu. Sisi twaagiza vitu vingi kuliko tunavyouza nje, lori linapanda bara na kontena limejaa, linateremka na kontena tupu la kurudisha depo, na mwenye lori anapopiga hesabu ya nauli ya kupanda ameshaweka na mafuta ya kuteremka ndani yake. Ndiyo maana mimi kila nikiona trela la chai linaingia mjini kwa ajili ya mnada nafurahi kabisa, chai ya Kericho, ya Uganda, ya Rwanda, yote inauzwa hapa Mombasa, na kila gunia linaloteremka linapunguza mzigo wa nauli kwa yule anayepanda. Nchi ikipata vya kuuza nje zaidi, hata mchele wako utapumua.

Swali: Mimi ni tanboi, msaidizi wa dereva wa lori, natoka Changamwe, nimefanya hii kazi miaka 6 na nataka kusomea udereva wa trela. Mzee wangu anasema niache, SGR, hii reli mpya ya kutoka Mombasa, itamaliza malori. Ni kweli?
*Kijana wa Changamwe*

Jibu: Mzee wako ana sababu ya kuogopa, usimbishie. Treni za mizigo za SGR zilianza Januari 2018, na treni moja inabeba kontena zaidi ya mia za futi 20, sasa hesabu hayo ni malori mangapi. Halafu 2019 ikaja amri mizigo ya Nairobi na bara ipande reli kwa lazima ikakliwe huko, na hapo Mombasa iliumia, si madereva peke yao, ni magodauni, gereji, mama wa chakula Miritini na Mariakani, hoteli za Mtito Andei. Watu waliandamana. Mahakama Kuu hapa Mombasa ikasema Novemba 2020 kwamba amri ile ilikuwa kinyume cha katiba, na Septemba 2022 rais mpya, William Ruto, siku ile ile ya kuapishwa akatangaza kazi ya kuklia irudi bandarini.

Maoni yangu mimi, reli si adui. Kontena likitembea kwa treni barabara inapumua, ajali zinapungua, na reli ilikuwa hapa kabla yetu, ile ya zamani ilianzia Mombasa 1896 ikafika Kisumu 1901. Kibaya kilikuwa kulazimisha, mwenye mzigo achague mwenyewe kwa bei na muda. Na treni haifiki mlangoni kwa mtu, SGR yenyewe imeishia Naivasha, kutoka hapo kwenda Malaba, mpakani na Uganda, ni reli ya zamani au lori. Kasomee udereva, lakini soma pia mambo ya mizani na karatasi za mpakani, dereva anayejua kwa nini gari lake limezuiwa pale kwenye mizani ya Mariakani anatafutwa sana.

Swali: Mwalimu alisema mizigo ya Uganda inaipa Kenya pesa. Kivipi na mzigo si wetu?
*Mwanafunzi, Likoni*

Jibu: Mwanangu, mzigo wa transiti, yaani unaopita tu kwenda nchi nyingine, hatuutozi ushuru wa kuingiza, lakini unalipa bandari, unalipa lori au reli, dereva anakula na kulala njiani, gari linanunua mafuta na tairi. Uganda ndiyo mteja wetu mkubwa kabisa wa transiti, halafu kuna Sudan Kusini, Rwanda na Kongo, na wote wanaweza kupitia Dar es Salaam wakichoka na sisi. Muulize mwalimu akusimulie Januari 2008, wakati wa ghasia za baada ya uchaguzi, reli iling'olewa Kibera na malori yakakwama, mafuta yakaadimika Kampala na bei ikaruka. Tangu hapo wafanyabiashara wa huko wanapenda kuwa na njia mbili, na kila kontena linalopita upande wa pili ni mshahara wa mtu uliopotea hapa Mombasa, pengine wa baba yako au jirani yako.