Mchunga: usiutoe uchungu wote

Wengi wanaoukimbia mchunga walipikiwa vibaya. Ama ulitupwa sufuriani mbichi pamoja na kitunguu na nyanya kama mchicha, ukatoka mchungu kama shubiri, ama ulichemshwa na kumwagwa maji mara tatu mpaka yakabaki majani yasiyo na ladha yoyote. Mimi nimekulia upande wa Muheza, mkoani Tanga, kwenye nyumba ambayo masika hayapiti bila mboga hii, na msimamo wangu ni mmoja: mchunga huchemshwa mara moja tu.

Kwa asiyeujua, ni gugu la shambani, wataalamu wa mimea wanaliita Launaea cornuta, na ni jamaa ya saladi ile ya majani. Huota katikati ya mahindi na mihogo, na kwa kuwa mizizi yake hutambaa chini kwa chini, ukiulima leo baada ya mvua mbili tatu umesharudi. Majani ni marefu, membamba, yenye ncha pembeni. Maua ni ya njano, yakikomaa yanageuka sufi nyeupe inayopeperuka. Shina ukilivunja lina uwazi ndani na hutoa utomvu mweupe. Lakini usiutambue kwa utomvu peke yake, maana hata mnyaa una utomvu mweupe, na ule ni sumu. Mara za mwanzo nenda na mtu anayeujua. Na shamba lililopuliziwa dawa ya magugu liache, hata kama majani yanapendeza vipi.

Kazi ya kupunguza uchungu inaanzia hapohapo shambani. Chuma majani machanga kabla mmea haujatoa maua. Ukishachanua, majani yanakuwa magumu na uchungu unazidi. Vidole vitanata na kufanya weusi kwa ule utomvu, kwa hiyo jipake mafuta ya nazi kidogo kwanza. Sokoni ukikuta fungu lenye vikonyo vya maua, mwulize muuzaji kama ana jingine.

Nyumbani chambua, tupa mashina, osha ndipo ukate. Bandika maji mengi, tia chumvi, yakichemka vizuri ndipo utumbukize majani, na usifunike. Baada ya dakika kama tano opoa jani moja ulitafune. Uchungu ukikupokea pale tu linapogusa ulimi, bado. Ukipata ladha ya jani kwanza, halafu uchungu ukaja nyuma wakati unameza, epua. Mwaga maji, uache mboga ipoe kidogo, kisha ikamue kwa viganja. Usiikamue kama unafua nguo, unyevunyevu ubaki.

Kuna wanaotia magadi ili iive haraka. Inaiva kweli, ila inateleza mdomoni, na magadi huharibu vitamini C. Sukari ndiyo kabisa sitaki kuisikia. Kinachosaidia ni chumvi, ambayo huupunguza uchungu ulimini, pamoja na mafuta ya nazi yenyewe. Kama una watoto au mgeni asiyeuzoea, changanya nusu kwa nusu na majani ya kunde. Wamijikenda wa pwani ya Kenya nao huuchanganya na majani mengine, kwa hiyo usione haya.

Sasa kuunga. Kuna nazi moja hapo, tui zito umelitenga na tui jepesi. Anza na lile jepesi: tia kitunguu maji, nyanya mbili zilizoiva na pilipili mbuzi nzima bila kuipasua. Nyanya zikishavurugika na tui kupungua, weka mchunga wako, ugeuze. Mwisho kabisa mimina tui zito, punguza moto, na usiondoke jikoni. Koroga taratibu ukirudisha tui juu kwa mwiko mpaka lichemke, la sivyo litakatika na utapata mabongemabonge yanayoelea. Likishashika majani, onja chumvi, epua. Asiye na nazi aunge kwa karanga za kusaga; inakuwa nzito zaidi, nayo si mbaya, ingawa mimi wa nazi sibanduki.

Wapo wanaoyahifadhi yale maji ya kuchemshia na kuyanywa kwa malaria au kisukari. Kwangu hii ni mboga. Mwenye homa aende kupima, na mwenye kisukari asiache dawa zake.

Iandae ingali moto, kwa bada, yaani ugali wa muhogo, au ugali wa sembe, na kipande cha ng'onda, yule samaki mkavu, wa kuchoma pembeni. Ndimu kila mtu akamulie kwenye sahani yake. Ikipoa uchungu unajitokeza zaidi, kwa hiyo iliyolala ipashwe kwa tui kidogo, moto mdogo, bila kuongeza maji.