Usilazimishe Jina: Kwa Wanaoanza Kuainisha Konokono wa Maji Baridi

Juzi nimepokea ujumbe wa mdogo wetu mmoja wa mwaka wa tatu, zuolojia: "Shikamoo dada. Msimamizi anataka kila konokono aandikwe hadi spishi, na mimi nina magamba na kitabu cha picha tu. Nifanyeje?"

Umekuja wakati mzuri, kwa sababu majibu yangu ya vinasaba yametoka mwezi huu na bado natembea kifua mbele.

Nianze na yasiyo na ubishi. Kwanza tazama mdomo wa gamba. Ukikuta kifuniko kigumu, huyo hayumo katika kundi letu la konokono wenye mapafu. Lanistes huwapoteza wengi hapa: amepinda kushoto kama Bulinus, jenasi yenye konokono wa kichocho, tena ana pafu, lakini ana matamvua pia na kifuniko juu yake. Mtoe. Wasio na kifuniko, simamisha gamba ncha juu, mdomo ukutazame. Mdomo ukiwa kulia na kiumbe ana vipapasio vipana vya pembetatu, ni jamii ya Lymnaea. Kwetu mara nyingi ni Radix natalensis, anayebeba minyoo ya ini ya ng'ombe. Gamba bapa lililojiviringa kama kamba ni Biomphalaria au nduguze. Mdomo ukiwa kushoto, una Bulinus au Physa. Hapo mtoboe mmoja kidogo: damu ya Bulinus ni nyekundu, ya Physa haina rangi. Physa acuta ni mgeni kutoka Amerika Kaskazini, na siku hizi anajaa kwenye mitaro ya miji yetu.

Mpaka hapo uko salama. Kinachofuata ndicho kilichoniumiza.

Nilikuwa Unguja, mradi wa kichocho, mimi ndiye mdogo kuliko wote maabara. Walikuwa wananiita Mama Konokono, na si kwa upendo. Bulinus wangu wote walikuwa wa kundi la africanus, yaani spishi za Bulinus zinazofanana, na ndani ya kundi hilo kisiwani kuna spishi mbili, globosus na nasutus. Kitabu kinakwambia nasutus ana gamba refu jembamba zaidi. Kweli, ukipata mkubwa aliyekua vizuri. Wadogo wanafanana wote, na hata wakubwa wanaingiliana. Basi niliandika "Bulinus, kundi la africanus" nikaishia hapo. Kikaoni nikaambiwa mbele ya watu kwamba orodha isiyo na majina si kazi. Mwenzangu akajaza majina yote kwa mchana mmoja, akapongezwa, na kwenye ripoti jina langu halikuonekana hata kwenye shukrani. Sijasahau.

Sasa vinasaba vimesema: magamba marefu ya kaskazini ambayo mwenzangu aliyaita nasutus ni globosus. Kwa Unguja hilo si jambo dogo. Globosus ndiye anayeeneza kichocho cha mkojo kule, nasutus wa kisiwani haenezi. Ukivuka kuja bara, nasutus huyohuyo anaeneza. Ukikosea jina unapeleka dawa ya kuua konokono kwenye bwawa lisilo na shida, na watoto wanaendelea kuogelea kwenye lenye shida. Kwa hiyo, mdogo wangu, simama pale ushahidi wako unapoishia. Jenasi iliyo sahihi ni kazi kamili.

Na usione aibu, wakubwa wenyewe wanabadilisha. Mwaka 2005 Bulinus aliorodheshwa ndani ya familia ya Planorbidae. Orodha ya 2017 ikampa familia yake, Bulinidae. "Pulmonata" tuliyokariri shuleni, yaani konokono wenye mapafu, kundi la tangu enzi za mwanazuolojia Mfaransa Cuvier, imevunjwa na vinasaba na hawa wa maji baridi sasa wanaitwa Hygrophila. Bulinus wengine wawili, truncatus na tropicus, wanafanana gamba hadi unachoka, ila mmoja ana kromosomu 72 na mwingine 36, na truncatus ndiye mwenye kichocho. Nani atahesabu kromosomu kwa macho?

Vijana mnaharakisha mno. Mnataka majina marefu ya Kilatini kwenye jedwali ili lipendeze, kwa kuwa msimamizi anapenda jedwali lililojaa. Kataa kwa adabu. Mwambie utaandika kundi, na utahifadhi vielelezo ili mwenye mashine ya vinasaba amalizie. Akikasirika, mwache akasirike. Mimi nilikasirikiwa, na bado niko hapa. Narudia tena: simama pale ushahidi unapoishia.

Hivyo vielelezo, usiviweke kwenye formalini, inaharibu vinasaba. Tia ethanoli kali, badilisha baada ya siku moja kwa sababu maji ya mwilini huizimua, andika eneo na tarehe kwa penseli kwenye karatasi ukaidumbukize ndani ya chupa. Wino hufutika. Na magamba matupu utakayoyaona ukingoni, yaache hukohuko.