Baraza la wazi Mkunguni

SWALI: Sisi vijana wa Lamu twataka kuanzisha mdahalo huru uwanja wa Mkunguni, mbele ya Ngome, mfano wa Hyde Park, bustani ya London ambako yeyote husimama akahutubu. Je, lazima kibali? Na bila spika tutasikika?

JIBU: Kinachotakiwa ni taarifa tu. Kifungu cha 37 cha Katiba ya 2010 chawapa haki ya kukusanyika kwa amani, bila silaha. Mwandikieni mkuu wa kituo cha polisi siku 3 hadi 14 kabla: jina na anwani ya mwandalizi, mahali, tarehe na saa, kati ya 12 asubuhi na 12 jioni. Nakala yenu igongwe muhuri.

Spika ziacheni. Msemaji asimame juu ya kreti imara, upepo ukimpiga mgongoni, watu wakiwa mbele yake karibu. Akiukabili upepo, sauti haiwafikii vyema, naye atapaza hadi koo limkauke. Kosa tulionalo mno ni kushusha sauti mwisho wa sentensi. Hoja huwa pale pale, nayo humezwa. Dakika 5 za kusema, 2 za maswali. Adhana ya alasiri ikiadhiniwa, nyamazeni nyote.